Wakandarasi wa Kanda ya Ziwa mnaoidai Serikali: tupeane uzoefu, mlilipwaje?

Mjenzi wa Nyakato:
Wakuu, habari za jioni. Nina kikampuni cha daraja la saba, ofisi ipo Nyakato. Tulijenga madarasa manne na vyoo ng'ambo, upande wa Sengerema. Kazi ilikaguliwa, ikapokelewa, watoto wanasomea humo. Hati ya pili ya malipo, ile inayothibitisha kiasi tunachostahili kulipwa, bado inatembea mezani kwa watu. Zamani nilipoteza nusu siku kusubiri kivuko pale Kigongo. Sasa daraja limefunguliwa, nafika upesi kuambiwa "njoo wiki ijayo". Mwenye duka la simenti Igoma anapiga, sipokei. Pole zenu nazishukuru, ila aliyelipwa aseme alipita wapi.

Moramu Tupu:
Mkuu, unafuatilia kwa mdomo au kwa barua? Mimi mwaka mzima nilifuatilia kwa salamu na soda. Mzee mmoja mkadiriaji majenzi akanicheka, akaniambia kasome masharti ya mkataba wako. Kumbe mshitiri, yaani mwenye kazi anayelipa, alikuwa na siku 28 tangu mhandisi asaini hati, zikipita riba inaanza kuhesabika. Nikaandika barua, nikapiga hesabu ya riba siku kwa siku, nikaambatanisha hati na karatasi za vipimo, nakala yangu ikagongwa muhuri wa kupokelewa. Deni lililala miezi 14, likalipwa ndani ya miezi miwili. Riba wakaniomba niisamehe, nikasamehe. Mke wangu ananisema mpaka leo, na ana haki.

Mama Kokoto:
Mimi naongeza la aibu. Nilisimamisha kazi kwa hasira, nikaondoa kijiko na vibarua saiti bila kuandika chochote. Mkataba wetu ulikuwa wa FIDIC, ile mikataba ya ujenzi ya mfano wa kimataifa: asipolipa unaruhusiwa kusimama, lakini baada ya notisi ya siku 21. Sikuitoa. Wao ndio wenye deni, halafu mimi ndiye niliyekatwa fidia ya kuchelewesha kazi!

Ng'wanangwa:
Niliyefika mahakamani ni mimi, ngojeni niwasimulie vizuri.

Wakili wangu wa kwanza aliipa halmashauri notisi ya siku 30, akaishitaki peke yake. Huo ulikuwa utaratibu wa zamani. Sheria ilibadilishwa mwaka 2020: halmashauri, wakala wa Serikali na mashirika ya umma wote wanahesabika kuwa Serikali. Notisi ni siku 90, nakala inakwenda kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, naye lazima aunganishwe kwenye kesi, na kesi inafunguliwa Mahakama Kuu. Pingamizi la awali, yaani la kisheria kabla kesi haijasikilizwa, likaletwa, shauri likatupwa asubuhi moja. Hakuna aliyeuliza kama kalavati zangu zilijengwa au hazikujengwa.

Nikaanza upya na notisi sahihi. Wakili wa pili, dada mmoja makini sana, akauliza swali ambalo yule wa kwanza hakuliuliza: mkataba unasemaje kuhusu migogoro? Ulisema kwanza mwamuzi wa migogoro ya mkataba, kisha usuluhishi, yaani msuluhishi anasikiliza pande zote nje ya mahakama na kutoa uamuzi unaoitwa tuzo. Ningekimbilia tena mahakamani wangeomba kesi isimamishwe turudishwe huko huko. Tukaenda kwenye usuluhishi. Nikashinda, tuzo ikasajiliwa mahakamani ikawa na nguvu ya hukumu.

Nikadhani sasa namchukua dalali wa mahakama tukashike greda la halmashauri. Wapi! Mali ya Serikali haikamatwi. Unachopata ni hati ya mahakama inayosema unadai kiasi gani, unaipeleka, wanaiingiza kwenye bajeti. Nililipwa mwaka wa fedha uliofuata, kwa awamu mbili.

Kijana wa Kisesa:
Shikamooni wakubwa. Ukishitaki si ndiyo hupati kazi tena?

Ng'wanangwa:
Marahaba. Hilo ndilo lililonifunga mdomo miaka mitatu. Tangu nishinde nimeomba zabuni nyingine kupitia NeST, ule mfumo wa Serikali wa zabuni mtandaoni, na nimepata moja, wilaya nyingine. Pale pale sijajaribu, sitakudanganya. Ila kumbuka madai ya mkataba yana ukomo wa miaka sita. Ukinyamaza kwa adabu, muda haukusubiri. Wakikuandikia barua ya kukiri deni, itunze kama hati ya kiwanja, maana hapo miaka inaanza kuhesabiwa upya.

Mama Kokoto:
Na wewe Mjenzi, umeshaangalia kama una barua ya aina hiyo?

Mjenzi wa Nyakato:
Asanteni sana. Nimetoka kufungua faili sasa hivi. Nina barua zangu nne, yenye muhuri moja. Ya kwao ipo moja, imeandikwa "deni lako limehakikiwa, linasubiri fedha". Nilikuwa nimeikasirikia nikaikunja kuwekea chini ya mguu wa meza. Naipiga pasi. Ng'wanangwa, yule dada wakili bado yupo mjini?