MAGAZIJUTO inafundishwa vibaya, watoto wanakoseshwa majibu waliyopata!

Wakuu, hapa nilipo nina hasira. Mwanangu karudi na daftari lina kosa jekundu. Swali: rahisisha 20 − 8 + 5. Kaandika 17. Mwalimu kamkosesha, pembeni kaandika 7 na maneno "fuata MAGAZIJUTO", yaani lile neno la kukumbukia mpangilio wa hesabu: MAbano, GAwanya, ZIdisha, JUmlisha, TOa.

Mtoto alikuwa amepata!

Nikamwendea mwalimu kwa heshima zote. Akanieleza kuwa JU iko mbele ya TO, kwa hiyo unaanza na 8 + 5 unapata 13, kisha 20 toa 13. Nikamuuliza: mwalimu, chumbani wako watu 20, wakatoka 8, wakaingia 5, wamo wangapi? Akajibu 17, papo hapo. Sasa hiyo 7 inatoka wapi? Maana kwa hesabu yake, hao watano walioingia amewahesabu kama wametoka. Akanyamaza, halafu akasema ndivyo wanavyofundisha.

Ndivyo wanavyofundisha! Hilo ndilo linaloniuma.

Kujumlisha na kutoa ni ngazi moja. Hakuna kinachomtangulia mwenzake; unakwenda kutoka kushoto kwenda kulia, kinachokutana nawe kwanza ndicho unachofanya. Kugawanya na kuzidisha vilevile: 24 ÷ 6 × 2 ni 8, siyo 2. Herufi zilipangwa hivyo ili neno litamkike na likae kichwani, basi. Na vipeo, kama 5², wala havimo humo.

Kwenye kutoa ndiko watoto wanakoumia zaidi, kwa sababu kutoa hakukubali kugeuzwageuzwa. 15 − 6 − 4 ni 5. Ukianzia kulia, 6 − 4 ni 2, unaishia na 13. Ukiona mabano, 12 − (7 − 3), jibu ni 8. Anayefungua mabano bila kugeuza alama anaandika 12 − 7 − 3, anapata 2. Ilitakiwa 12 − 7 + 3. Alama ya kutoa ni mali ya namba inayoifuata, inatembea nayo. Mtoto akilishika hili mapema, hata aljebra haitamtisha, kwa kuwa 20 − 8 + 5 ni 20 na hasi 8 na 5, uzipange utakavyo bado ni 17.

Jana usiku nikampa mwanangu 50 − 3 × 4 + 6. Akazidisha vizuri, akapata 12. Halafu akasita, akanitazama, akaandika 32. Jibu ni 44. Wiki iliyopita angelipata. Sasa anafuta jibu sahihi kwa sababu ya kalamu nyekundu.

Walimu mliomo humu, naomba mnijibu waziwazi: darasani mnawaambia watoto kuwa JU na TO ni ngazi moja, au mnaandika lile neno ubaoni na kuendelea? Kesho narudisha daftari, nataka ile alama yake.