Naomba ushauri: pankeki za hamira za kulaza usiku, na shira ya mvinyo wa Dodoma

Habari zenu, ndugu wapishi. Nipo Dodoma mjini, na Jumapili natarajia wageni wa chai ya saa nne, ambao ningependa kuwaandalia pankeki za hamira zilizolazwa usiku kucha, kwa sababu uchachukaji wa polepole huzipa ladha nzito ambayo baking pauda haiwezi kuitoa.

Nimepanga kutumia unga wa ngano nusu kilo, maziwa mililita 800 na kijiko kimoja cha chai cha hamira ya chenga. Je, kiasi hicho kinatosha iwapo rojo litalala kwenye friji, au nilifunike na kuliacha mezani, ikizingatiwa kwamba usiku wa mwezi wa saba hapa kwetu ni wa baridi? Mayai ningependelea kuyatia asubuhi, kwa usalama zaidi.

Shira ndiyo inayonitatiza zaidi. Nataka kuchemsha mvinyo mwekundu wa zabibu za hapahapa pamoja na sukari, mdalasini na karafuu hadi uwe mzito, lakini najua kwamba kilevi, ingawa huchemka kwenye nyuzi 78 hivi za Selsiasi, hakitoki chote sufuriani. Kwa watoto na wasiotumia kilevi nitapika shira ya pembeni kwa maji ya zabibu mbichi. Naomba aliyewahi kuipika anieleze namna ya kuipunguzia utamu bila kuiharibu, na kama ndimu inafaa.