Mjadala: Mwenye jeni ya ukali apunguziwe kifungo?

Mleta mada

Wakuu, mwaka 2009 mahakama ya rufaa ya Trieste, Italia, ilimpunguzia mwaka mmoja mtu aliyekuwa amehukumiwa miaka 9 na miezi 2 kwa kuua. Sababu mojawapo ni vipimo vilivyoonyesha ana jeni zinazohusishwa na ukali, ikiwamo ile iitwayo MAOA. Swali langu: mtu akizaliwa na hasira za karibu, alaumiwe nusu?

Nasema hapana, ingawa sibishi kwamba jeni ina kazi yake. MAOA hutengeneza kimeng'enya kinachovunjavunja serotonini na kemikali nyingine za ubongo. Mwaka 1993 watafiti walieleza ukoo mmoja wa Uholanzi ambamo baadhi ya wanaume jeni hiyo haikufanya kazi kabisa, na walikuwa watu wa fujo, hata kuchoma moto mali. Lakini hali hiyo ni nadra mno. Wanaume wengi sana wana aina iliyo dhaifu tu, nao wanaishi na majirani zao bila kumgusa mtu.

Utafiti wa Dunedin, New Zealand, uliowafuatilia watoto hadi ukubwani na kutolewa mwaka 2002, ndio unaonipa msimamo. Wenye aina dhaifu ya MAOA waliotendewa ukatili utotoni ndio waliojitokeza zaidi kuwa washari. Wenye jeni hiyohiyo waliolelewa vizuri hawakuwa hivyo.

Na kama wanyama mnawaamini kuliko watu, tazameni tembo wa hifadhi ya Pilanesberg, Afrika Kusini. Walipelekwa huko wakiwa yatima, bila wakubwa. Miaka ya 1990 madume vijana wakaanza kuua faru, zaidi ya 40. Testosteroni, homoni ya kiume, ilikuwa imewapanda mapema na kukaa muda mrefu kuliko kawaida. Mwaka 1998 wakaletewa madume 6 wazima kutoka hifadhi ya Kruger, na mauaji yakakoma. Hakuna kijana aliyechomwa sindano ya kushusha homoni. Uwepo wa wakubwa tu ulizishusha homoni za vijana.

Mchangiaji wa 1

Mtoto wa nyoka ni nyoka, mkuu. Mtafiti wa Kisovieti, Dmitry Belyaev, alianza mwaka 1959 kule Siberia kuchagua mbweha wapole na kuwazalisha wao kwa wao. Haikupita vizazi vingi, wakawa wanatikisia watu mkia. Baadaye wakazalisha na ukoo wa wakali, na vitoto vya wakali vikalelewa na mama wapole. Vilikua vikali vilevile. Hapo malezi yalikuwa yameenda wapi?

Mchangiaji wa 2

Mnazungumza kana kwamba ukali ni ugonjwa. Sokwe wa Gombe, kati ya 1974 na 1978, kundi moja, la Kasakela, liliwamaliza madume wa kundi jirani la Kahama, wengi wakiwa watu waliofahamiana nao tangu zamani (naam, nimesema watu). Wapo waliodai chanzo ni ndizi walizokuwa wakipewa na watafiti. Uchambuzi wa mwaka 2014 uliokusanya makundi mengi ya sokwe haukuona hivyo: mauaji yaliendana na wingi wa madume na msongamano wa sokwe, si usumbufu wa binadamu. Na huvamia wakiwa wengi dhidi ya mmoja. Hiyo si hasira, ni hesabu. Hakimu anayetafuta jeni ya hasira anatafuta kitu ambacho huenda hakikuwepo siku ya tukio.

Mleta mada

Mchangiaji wa 1, mbweha wale walipangiwa wenza kizazi baada ya kizazi, wakali kwa wakali. Binadamu gani anaoa hivyo? Ukichuja kwa nguvu namna ile utapata tofauti katika tabia karibu yoyote. Haikuambii kwa nini fulani alichomoa kisu.

Mchangiaji wa 3

Mnasahau upande wa pili wa shilingi. Miaka ya 1960 wanaume wenye kromosomu Y ya ziada walitangazwa kuwa wahalifu wa kuzaliwa. Madai yakaporomoka, lakini sifa mbaya walibaki nayo. Jeni ikimtoa mtu mapema leo, kesho itatumika kumfungia ndani, kwa kuwa "huyu haponi".

Mchangiaji wa 1

Sawa. Ila mleta mada hajanijibu kubwa zaidi. Kwa Dunedin yako mwenyewe, aliyepigwa utotoni hakuchagua jeni wala hakuchagua mzazi. Kwa nini malezi yawe utetezi na jeni isiwe?

Mleta mada

Kwa sababu kipigo cha utotoni kina mashahidi na majeraha. Korti inaweza kukichunguza kikiwa jambo lililomtokea mtu huyo. Kipimo cha MAOA peke yake kinamweka kundi moja na maelfu wasio na kosa. Historia yake isikilizwe yote, hata ikimpunguzia miaka. Karatasi ya maabara ije kama nyongeza ya historia hiyo. Ikija peke yake, mimi ningeirudisha.