Matlai ya jioni

Hamisi: Shikamooni wakubwa. Mwaliko wa harusi ya Salma huu hapa, kosoeni kabla sijaupeleka kwa mchapaji: "Karibuni ufukweni saa kumi na moja jioni, mpunge upepo wa matlai tukimsindikiza bi harusi wetu."

Salma: Matlaiii 😍 tamu hiyo

Mjomba Athumani: Tamu, lakini matlai ya jioni umeiona wapi?

Hamisi: Marahaba nimeisamehe mjomba 😄 Si upepo mwanana tu?

Mjomba Athumani: Mwanana ni sifa. Hata kusi, upepo mkali wa kusini, ikitulia ni mwanana. Matlai ni jina, upepo wa asubuhi, unatoka mashariki. Enzi zetu ngalawa inatoka alfajiri na umande, inarudi na matlai.

Salma: Umande si ule wa kwenye majani?

Mjomba Athumani: Jina hilo hilo. Upepo wa bara wa alfajiri nao ni umande, maana una ubaridi na unyevu. Usiku nchi kavu inapoa upesi kuliko bahari, hewa yake inateremka kuelekea majini. Jua likipanda bara ndilo linapata moto kwanza, hewa yake inapaa, ya baharini inakuja kushika nafasi. Katikati hapo kuna shwari. Tanga linalegea, linapigapiga mlingoti, mnatazamana tu. Kisha linajaa upande wa pili. Ndiyo matlai hiyo.

Shangazi Rukia: Asalaam alaykum. Nilikuwa naswali. Neno lenyewe mnalo midomoni tangu chuo cha Kurani. Salma, sura ya Inna anzalnahu, nipe aya ya mwisho.

Salma: Salamun hiya hatta matla'il fajr

Salma: 😳😳

Shangazi Rukia: Ehee. Matlaa, kuchomoza au mahali pa kuchomoza. Kwa maana hiyo upepo haumo humo. Kwetu pwani likawa mashariki, na upepo utokao huko. Waarabu na mwanzo wa shairi huuita matlaa, ubeti unapochomoza. Mimi hiyo ndiyo naipenda zaidi.

Hamisi: Kwa hiyo nimewaita watu saa kumi na moja jioni waje kupunga mawio 🤦

Shangazi Rukia: 😂😂 Ungekuwa mwaliko wa supu, sawa.

Hamisi: Basi "mpunge upepo mwanana". Tumemaliza?

Mjomba Athumani: Harusi mwezi gani vile?

Salma: Julai mjomba

Mjomba Athumani: Julai jioni ufukweni! Hiyo kusi yenyewe mwanangu, mwanana utautoa wapi? Waambie wanawake waje na mitandio mizito, na hema likazwe kamba.

Salma: Mjomba jamani 😭

Hamisi: Naandika "karibuni ufukweni" tu. Upepo wataukuta huko huko.