Mjadala: Tamthilia ya majaribio irekodiwe kwa kamera moja iliyotulia, au ihaririwe kama filamu?

Hoja: Vikundi vya Dar vinavyoigiza katikati ya watazamaji, bila jukwaa la kuinuka, vinarekodiwa kwa namna mbili. Wengine husimamisha kamera moja na kuiacha. Wengine hukata na kuunga hadi onyesho linageuka bongo muvi. Ipi inahifadhi kazi?

Mpiga picha: Kamera moja iliyotulia. Ikae juu, mita mbili na nusu hivi, ione duara lote pamoja na watazamaji. Mipangilio yote ifungwe kwa mkono: fremu (picha tuli) 25 kwa sekunde, shata (muda kila fremu inapokea mwanga) sekunde 1/50, joto la rangi 3200K kama taa ni za balbu za nyuzi. Ukiiacha kamera ijiamulie, taa zikizimwa inahangaika kutafuta mwanga, na zikiwaka ghafla uso wa mwigizaji unageuka mweupe mtupu. Shata ya 1/60 chini ya umeme wetu wa 50 Hz (unaopigapiga mara 50 kwa sekunde) huweza kuleta mistari inayotembea kwenye picha, na kuifuta ni kazi.

Mwongozaji: Siafiki. Mwigizaji anamwekea mtazamaji punje za mchele kiganjani huku akimnong'oneza. Kwa picha pana utaona mgongo tu. Filamu ya Dionysus in 69, iliyotoka 1970, ilirekodi onyesho la The Performance Group la New York, na Brian De Palma akaigawa skrini mara mbili ili waigizaji na watazamaji waonekane kwa pamoja. Kamera ya pili isogee karibu. Ile picha pana isikatwe hata sekunde moja.

Fundi sauti: Mnagombania picha wakati kinachopotea kwanza ni sauti. Msimulizi akisema "Paukwa!", maiki iliyomwelekea yeye tu itamnasa vizuri, kisha "Pakawa!" ya ukumbi mzima inasikika kama imetoka chumba cha jirani. Nusu ya onyesho imekwenda! Wekeni maiki mbili kwa waigizaji na mbili kwa watazamaji, kwenye rekoda ya pembeni: ubora wa 48 kHz, biti 24, na sauti ya juu kabisa isipite -12 dB kwenye kipimo cha rekoda, isije ikapasuka. Mtu apige kofi moja mbele ya kamera zote mwanzoni, na jingine mwishoni, ili sauti na picha zioanishwe baadaye. Rekoda na kamera hazitembei sawasawa, na dakika 90 zinatosha midomo kuachana na maneno. Feni za dari zizimwe, kama watu watavumilia. Februari hawatavumilia, basi maiki zisikae chini yake.

Mhifadhi: Niko na mwongozaji, ila hesabuni. Kamera mbili za megabiti 100 kwa sekunde, kwa dakika 90, ni GB 135. Kinachoniuma ni kwamba mara nyingi hubaki kile kilichohaririwa tu. Picha ghafi, zile ambazo hazijahaririwa, zinafutwa ili kadi itumike wiki ijayo. Zitunzwe nakala tatu, moja nje ya jengo, pamoja na mchoro wa mahali watazamaji walipokaa na ridhaa za waigizaji kwa maandishi. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inawalinda nao pia.

Mpiga picha: Kamera ya pili nakubali, mradi mpigaji ahudhurie mazoezi mawili. Na vifaa vikitoka kwenye gari la kiyoyozi vikae nusu saa ndani ya mfuko uliofungwa, la sivyo lenzi inapata ukungu onyesho likianza.

Mwongozaji: Mazoezi hayatoshi kwa kazi inayobadilika kila usiku. Rekodini usiku mbili, kila mmoja mzima, bila kuchanganya vipande.

Mhifadhi: Hapo ni GB 270 kwa kila nakala. Diski tatu za TB 1 zinatosha.