Sumu ya panya iishie shambani au iingizwe msituni?

MLETA MADA: Sisi tunaopakana na msitu wa Mlima Rungwe, panya wanatufukulia mahindi mbegu ikiwa bado ardhini. Wapo wanaotaka chambo cha sumu kitupwe hadi ndani ya msitu, eti ndiko panya wanakotoka. Napinga.

Anayetumaliza ni panya shamba. Huyo ni wa mahali pa wazi, penye nyasi na mabua, na mvua zikikubali jike mmoja huzaa kumi na zaidi kwa mkupuo. Kule juu kwenye ukungu yupo mwingine kabisa, mwenye manyoya magumu kama brashi. Mwaka 2007 wanasayansi walimtangaza kuwa spishi ya peke yake, Lophuromys machangui, kwa heshima ya Profesa Machang'u wa Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo (SUA), Morogoro. Jamii yake hupenda wadudu na minyoo, na huzaa watoto wachache. Mkimmaliza huyo, panya shamba wenu watakuwa bado wapo.

MKULIMA WA VIAZI: Shikamoo mzee. Ila panya ni panya! Nikimkuta ghalani usiku nimuulize jina la kisayansi? Juzi mlituletea kima kipunji, leo panya. Kila mnyama wa mlima huu ana mtetezi, mkulima je? Bei ya mbegu chotara unaijua?

MLETA MADA: Marahaba. Naijua, hata mimi nanunua. Ndiyo maana sitaki sumu iliyogharamiwa ikaliwe na asiyehusika.

BWANA SHAMBA MSTAAFU: Niongeze moja ambalo hamjaligusa. Sumu inayotumika sana kwa panya shamba ni fosfidi ya zinki, na chambo chake kikilowa hupungua nguvu. Msitu ule unashinda umelowa. Halafu ile ni hifadhi ya mazingira asilia chini ya TFS, wakala wa serikali wa misitu, huingii na ndoo ya sumu kama unaingia shambani kwako. Fyekeni, ondoeni mabua, mweke chambo kabla ya kupanda, kijiji kizima kwa pamoja. Akiweka mmoja, panya wa jirani wanahamia kwake. Na mizoga izikwe, maana paka na bundi wakiila nao wanaweza kudhurika.

MKULIMA WA VIAZI: Haya, msitu tuuache. Lakini hilo la kijiji kizima ndilo gumu. Jirani yangu anaishi mjini, shamba lake ni pori hadi siku ya kupanda. Nikifyeka kwake ataniita mvamizi, nikiacha panya wanavuka. Serikali ya kijiji ina ubavu wa kumlazimisha, au tuanze kumtungia sheria ndogo?