Naombeni ushauri: filamu fupi ya vichekesho bila maneno

Wakuu, habari za jioni. Nina skripti ya dakika sita: kondakta wa daladala anakimbiza kofia yake iliyopeperushwa na upepo stendi nzima. Naitaka kwa mtindo wa kina Buster Keaton, yule mchekeshaji wa filamu bubu za Marekani, nyeusi na nyeupe, hakuna anayeongea. Mhariri wangu anataka tuongeze spidi mara mbili, mimi naona watu watakuwa kama panya. Mnasemaje?

Fundi Picha: Mara mbili ni nyingi mno. Enzi zile kamera zilizungushwa kwa mkono, mara nyingi fremu (picha moja moja) 16 hadi 20 kwa sekunde, kisha ukumbini zikaonyeshwa haraka zaidi. Hata The Artist, filamu bubu ya 2011, ilipigwa kwa fremu 22 na kuonyeshwa kwa 24, basi. Anza na asilimia 110 ya spidi ya kawaida. Kwenye kukimbizana panda kidogo.

Kondoo Mweusi: Kondakta asiyeongea? Hiyo tayari ni komedi 😂

Mama Sinema: Spidi siyo tatizo lako, mdogo wangu. Weka kamera mbali, mwili wote uonekane, kofia hadi viatu, na usikate. Kwenye Steamboat Bill, Jr. (1928) ukuta wa nyumba unamwangukia Keaton, naye anapona kwa kuwa amesimama pale panapoangukia dirisha. Tunaona yote kwa shoti moja, bila kukatwa. Ungeonyesha uso kwanza, halafu ukuta, mtazamaji angejua ni ujanja wa kuhariri. (Ukuta ule ulikuwa mzito kweli, msijaribu!) Na kondakta wako asikunje sura. Kadiri anavyokuwa makini na kofia yake ndivyo tutakavyocheka.

Mpiga Kinanda: Maandishi ya kwenye skrini yawe machache, anayesoma hatazami. Muziki usiuchukue tu mtandaoni, video inaweza kushushwa kwa sababu ya hakimiliki. Tafuta mpiga kinanda wa kanisani au mtu wa fidla kwenye taarab, apige huku akiitazama filamu. Ukumbini zamani ilikuwa hivyohivyo.

Mtoa mada: Dada, kamera naisogeza mbali. Sasa kofia naiendeshaje? Upepo haupangiwi.

Fundi Picha: Mshipi wa kuvulia samaki, ule mwembamba kabisa. Piga siku ya mawingu, juani unang'aa. Na anayevuta ajifiche nyuma ya daladala, siyo mbele ya kamera.